Malcolm X, Selma au Judas and the Black Messiah: uanze na ipi?

Kwenye vibanda umiza tulikokulia palikuwa na sheria ambayo hakuna aliyeiandika ukutani lakini kila mtoto aliijua: stelingi hafi. Atapigwa, atafungwa kamba, atasukumwa mtoni, ila mwisho lazima arudi. Ndiyo maana siku nilipowaonyesha wanafunzi wangu wa kidato cha tatu na cha nne filamu ya Malcolm X, kwenye shuka jeupe nililotundika sebuleni kwangu, risasi zilipolia pale ukumbini Audubon kijana mmoja alinigeukia na sura ya mtu aliyedhulumiwa. "Mwalimu, stelingi kashakufa. Sasa nani anaendelea?"

Usiku ule nilimjibu juujuu tu. Baadaye nikaona kwamba darasani sijawahi kuulizwa swali zito kama lile kuhusu watu hawa, na tangu siku hiyo ndilo ninalopimia filamu yoyote ya mpigania haki kabla sijaiwasha mbele ya vijana. Kiongozi akishaanguka, je, filamu imetuonyesha waliokuwa pembeni yake ni akina nani, walikuwa wakikutana wapi, wakibishana nini, na kesho yake waliamkia wapi?

Nimechukua tatu ambazo watu huniuliza zaidi: Malcolm X ya mwaka 1992, mwongozaji Spike Lee, Selma ya 2014, mwongozaji Ava DuVernay, na Judas and the Black Messiah ya 2021, mwongozaji Shaka King. Zote ni za kuigiza, zote ni za Wamarekani weusi walioishi kweli, na vilele vyake vimebanana ndani ya miaka mitano. Malcolm aliuawa New York tarehe 21 Februari 1965. Wiki mbili baadaye, tarehe 7 Machi, damu ikamwagika kwenye daraja la Selma, Alabama. Fred Hampton, kiongozi kijana wa chama cha Black Panther, aliuawa Chicago alfajiri ya tarehe 4 Desemba 1969. Kama una jioni moja tu na hutaki maelezo marefu, tazama Selma. Kama unataka kujua kwa nini, na hizo nyingine zinakufaa lini, endelea kusoma.

Malcolm X

Sijui filamu nyingine inayomfuata binadamu kwa subira kama hii. Ina dakika 202. Sehemu kubwa ya mwanzo Malcolm bado ni kijana wa mjini, suti pana za rangi kali, dansi usiku kucha, dawa za kulevya, wizi wa majumbani. Vijana hushangaa: "Ndiye huyu?" Ndiye. Kipo kipande cha kinyozi ambacho nakipenda kuliko hotuba zote. Shorty, anayeigizwa na Spike Lee mwenyewe, anampaka Malcolm dawa ya kunyoosha nywele, inamchoma hadi anapiga kelele, kisha anajitazama kwenye kioo na kufurahi kwa kuwa nywele zimelala kama za Mzungu. Baadaye anapakwa tena, mabomba hayatoi maji, kichwa kinawaka moto, na anachofanya ni kukizamisha ndani ya sinki la choo. Polisi wanamkuta papo hapo. Wasichana waliokaa mkekani mbele walinyamaza. Kuweka dawa nywele si habari ya mbali kwao. Nilikuwa nimejiandaa kueleza kitu hapo, nikaacha.

Halafu linakuja gereza. Mfungwa mwenzake anamfungulia kamusi na wanasoma maana ya neno "nyeusi", kisha "nyeupe". Huku uchafu na uovu, kule usafi na wema. Nikisimamisha filamu hapo huwaomba vijana wanitajie misemo ya Kiswahili yenye weusi ndani yake. "Roho nyeusi" hutangulia, "siku nyeusi" hufuata. Mazungumzo hayo peke yake hula nusu saa, na sijawahi kujuta kuyapa muda.

Denzel Washington anabeba safari nzima mabegani mwake, toka mhuni hadi mhubiri hadi Al-Hajj Malik El-Shabazz, na mtazamaji haoni mshono. Spike Lee naye aliipigania kazi hii. Fedha zilipomwishia alitia sehemu ya malipo yake mwenyewe, kisha akawapigia simu watu weusi wenye uwezo, akiwemo Oprah Winfrey, Michael Jordan na Magic Johnson, wakachangia. Tena ikaruhusiwa kupiga picha Makka. Kwa kuwa asiye Mwislamu haingii, kikosi cha Waislamu ndicho kilichotumwa. Siku tuliyoitazama, bibi mmoja jirani alikuwa amekuja kumfuata mjukuu wake. Alisimama mlangoni, khanga mabegani, akisubiri tumalize. Al-Kaaba ilipotokea kwenye shuka aliingia taratibu akaketi kwenye kiti cha karibu, na hakuondoka hadi mwisho. "Kumbe alihiji?" aliniuliza. "Mbona hatukuambiwa?"

Hapo ndipo uzuri wake ulipo. Ila kwa swali la yule kijana, filamu hii inayumba. Kila kitu ni Malcolm. Kuna tukio la Harlem ambapo polisi wamempiga Mwislamu mmoja na kumtupa mahabusu. Malcolm anawapanga vijana wa Nation of Islam, jumuiya ya Waislamu weusi wa Marekani aliyokuwa akiihubiria, mbele ya kituo, safu zimenyooka kama rula, na mgonjwa akishapelekwa hospitali yeye anaashiria kwa mkono tu na safu zote zinageuka na kuondoka. Tukio linasisimua, na lilitokea kweli mwaka 1957. Lakini wale vijana ni akina nani? Hatuwajui hata mmoja kwa undani. Ndugu zake wa damu, ambao ndio hasa waliomvuta kwenye Nation of Islam kwa barua na kwa kumtembelea gerezani, wameondolewa. Nafasi yao kapewa mfungwa Baines, mhusika wa kubuni aliyeunganishwa kutoka kwa watu kadhaa. Ella, dada yake wa baba mmoja, aliyempa fedha za kwenda Hija, hayumo kabisa.

Na kuna pengo ambalo Mtanzania yeyote atalihisi. Filamu inampeleka Malcolm Misri na Makka, basi. Safari yake ya pili ya mwaka 1964, iliyochukua zaidi ya miezi minne, haionekani. Katika safari hiyo, mwezi Oktoba, alifika Dar es Salaam, akakutana na Mwalimu Nyerere, akakutana na Abdulrahman Babu. Tarehe 13 Desemba mwaka huohuo Babu, akiwa waziri wa serikali yetu, alipanda jukwaani New York, palepale Audubon, akazungumza na watu wa Malcolm. Wiki kumi baadaye Malcolm akapigwa risasi katika ukumbi huohuo. Ninapowaambia vijana kwamba Mzanzibari alisimama kwenye jukwaa lile wanaloliona kwenye shuka, wanaliangalia kwa macho mengine.

Mwisho wa filamu watoto wa shule wanasimama mmoja mmoja wakisema wao ndio Malcolm X, na mbele ya darasa la Soweto anatokea Nelson Mandela, ametoka gerezani miaka michache tu iliyopita. Mandela anayasoma maneno ya Malcolm, ila alikataa kuyatamka yale ya mwisho, "kwa njia yoyote itakayolazimu", akihofia serikali ya makaburu ingemgeuzia. Kwa hiyo Lee akaunganisha picha ya Malcolm mwenyewe akiyamalizia. Ndilo jibu la filamu kwa swali letu: wanaendelea watoto, anaendelea Mandela. Linagusa moyo, sikatai. Lakini linaruka kutoka kaburini hadi Soweto bila kuonyesha njia.

Selma

Hii ina dakika 128 na haisimulii maisha ya mtu. Inasimulia miezi mitatu, mji mmoja na sheria moja. Haikuonyeshi Martin Luther King, mchungaji aliyeongoza harakati za haki za weusi, akiwa mtoto wala akiuawa. Anapoingia yuko Oslo mwaka 1964 kupokea Tuzo ya Nobel ya amani, anahangaika na shingo ya shati mbele ya kioo, mkewe Coretta anamsaidia, naye analalamika kwamba vazi lile halimpendezi mtu wa watu. Kisha tunaona wasichana wadogo wakishuka ngazi za kanisa Birmingham, wanapiga soga za nywele. Bomu linalipuka. Lilikuwa tukio la kweli la tarehe 15 Septemba 1963, na waliouawa walikuwa wanne, mdogo wao akiwa na miaka 11. Niliposikia mazungumzo yale ya nywele nilimkumbuka Malcolm na kioo chake.

Tukio la kulitazama kwa karibu zaidi linafuata muda mfupi baadaye. Annie Lee Cooper, mama wa makamo anayeigizwa na Oprah Winfrey, amekwenda kujiandikisha kupiga kura. Amejaza fomu yake vizuri. Karani anamwamuru akariri utangulizi wa katiba, anaukariri. Anamuuliza Alabama ina mahakimu wangapi wa kaunti. "Sitini na saba," anajibu. Karani anamwangalia. Basi wataje majina. Mama ananyamaza, na muhuri mwekundu unashuka juu ya karatasi. Hakuna aliyepigwa kofi, hakuna aliyepaza sauti, na bado vijana wangu walifoka pale kuliko walivyofoka kwenye risasi yoyote. Yeyote aliyewahi kuzungushwa dirishani na karani anayetaka umwombe anaijua hali ile. Katika kaunti ya Dallas, ambamo mji wa Selma umo, asilimia takriban mbili tu ya weusi waliostahili kupiga kura ndio waliokuwa wameandikishwa.

Tofauti kubwa na Malcolm X ni kwamba hapa kiongozi anaonekana akifanya kazi na watu. Wanakula asubuhi kwenye jiko la mama mwenyeji wao, wanasukumana, wanataniana, kisha wanapanga. King anawauliza vijana wa Selma swali la kimkakati kabisa: mkuu wa polisi wenu, Jim Clark, ni mtu wa namna gani? King alikwisha kushindwa mji wa Albany kwa sababu mkuu wa polisi wa kule alikuwa mwerevu. Aliwakamata waandamanaji kwa upole, kamera hazikupata cha kupiga, Wamarekani weupe hawakushtuka, na kampeni ikafa. Anamtaka Clark kwa sababu Clark hawezi kuzuia hasira. Ni ukweli mchungu: unawapeleka watu wako mahali unapojua watapigwa, ili nchi nzima ione. Filamu haiufichi. Inaonyesha pia vijana wa SNCC, umoja wa wanafunzi wapigania haki, waliofika Selma kabla ya King wakimnung'unikia kwamba anakuja na kamera na kuondoka nazo.

Jumapili ya tarehe 7 Machi watu wapatao 600 walianza kuvuka daraja la Edmund Pettus, lenye jina la jenerali wa majeshi yaliyopigania utumwa. King hakuwepo. Watu wengi hulishangaa hilo. Mbele walikuwa Hosea Williams na John Lewis. Moshi wa machozi, virungu, farasi. Amelia Boynton, mama aliyekuwa ameandaa harakati za mji ule kwa miaka mingi, amelala chini amezimia. Usiku ule kituo cha ABC kilikatiza filamu kuhusu kesi za Wanazi ili kuonyesha picha za daraja. DuVernay anawaonyesha watu waliokaa majumbani wakitazama televisheni, na unaiona nchi ikigeuka. Maandamano ya tatu, kuanzia tarehe 21 Machi, yalifika Montgomery, kilomita kama 87, na tarehe 6 Agosti Rais Johnson akatia sahihi sheria ya haki ya kupiga kura.

Kuna kitu kinachoziunganisha filamu hizi mbili ambacho watu hukipita haraka. Tarehe 4 Februari 1965 Malcolm alikwenda Selma. King alikuwa mahabusu, hivyo alizungumza na Coretta, akamwambia kwamba hakuja kuvuruga. Weupe wakimwona yeye, huenda wakamsikiliza mumewe. Selma inakionyesha kikao hicho. Malcolm X, yenye zaidi ya saa moja ya ziada, haina. Siku kumi na saba baadaye Malcolm alikuwa amekufa. Nakushauri ukitazama Selma, simamisha hapo na umuulize uliyekaa naye: je, hawa wawili walikuwa wapinzani kweli kama tulivyofundishwa?

Udhaifu wa Selma upo kwenye hotuba. Hotuba za King zina hakimiliki, na ruhusa ya kuzitumia kwenye filamu ilikuwa imeshatolewa kwa kampuni nyingine. DuVernay akaziandika upya kwa maneno yake. David Oyelowo anazitoa vizuri sana, mdundo wa mahubiri umo, lakini anayezijua zile halisi atahisi kama anasikiliza wimbo aupendao umebadilishwa mashairi. Ukimaliza filamu, tafuta sauti ya King mwenyewe akiwa Montgomery tarehe 25 Machi 1965. Ni lazima.

Judas and the Black Messiah

Ya tatu inaanzia mahali pengine kabisa, kwa msaliti. William O'Neal, hajafikisha hata miaka 20, amekamatwa na gari la wizi. Ofisa wa FBI, idara ya upelelezi ya serikali ya Marekani, anampa njia mbili: jela, au aingie chama cha Black Panther na kuleta habari za mwenyekiti wao wa Illinois, Fred Hampton. Anachagua ya pili na anapanda hadi kuwa mkuu wa usalama wa chama. Jina la filamu limetoka kwenye waraka wa FBI wa Machi 1968 ulioagiza kuzuia asitokee "masihi" wa kuwaunganisha weusi.

Hampton anaigizwa na Daniel Kaluuya, mzaliwa wa London ambaye wazazi wake ni Waganda, na kazi hiyo ilimpa tuzo ya Oscar. Anazungumza kama treni inayoshika kasi. Ila kipande kilichonikaa ni cha utulivu. Hampton anaingia kwenye ukumbi wa weupe maskini waliohamia Chicago kutoka kusini, na nyuma ya jukwaa imetundikwa bendera ya waliopigania utumwa. Anaitazama. Kisha anaanza kuongea nao habari za nyumba mbovu na polisi, na wanamsikiliza. Muungano huo wa Panthers, Wapuerto Rico wa Young Lords na wale weupe wa Young Patriots ulikuwepo kweli, na aliujenga kijana wa miaka 20. Chama chake kilikuwa pia kikiwapa watoto kifungua kinywa bure kabla ya shule.

Wengi huitazama kwa ajili ya uvamizi wa alfajiri, na ninaomba uwe tayari. O'Neal alikuwa amewachorea FBI ramani ya nyumba, kitanda cha Hampton kikiwemo. Baadaye alipewa bahashishi ya dola 300. Polisi walifyatua risasi zaidi ya 80. Panthers walifyatua moja. Mchumba wake Deborah Johnson, mimba ya miezi minane na zaidi, anavutwa kutoka kitandani. Kamera haiendi chumbani. Inabaki usoni kwake, na sisi tunasikia tu risasi mbili nyuma yake. Hampton alikuwa na miaka 21. Mark Clark, miaka 22, aliuawa naye.

Filamu hii inaeleza jambo ambalo zile mbili zinaligusa tu: namna dola inavyofanya kazi yake. Malcolm X inaonyesha wapelelezi wamejificha wakinasa simu. Selma inaweka taarifa za FBI kwenye skrini, saa na mahali, juu ya matukio ya kawaida ya nyumbani kwa akina King, na inakutisha polepole. Judas inakuingiza ndani ya chumba ambamo ofisa anamnunulia kijana maskini nyama choma nzuri na kumwita rafiki. Lakini gharama yake ni kwamba tunakaa na O'Neal kuliko Hampton. Nikitoka pale naijua hofu ya msaliti vizuri zaidi kuliko ninavyoijua fikra ya kiongozi. Hampton alijibu swali la kijana wangu kwa mdomo wake: unaweza kumuua mwanamapinduzi, huwezi kuyaua mapinduzi. Vijana hupenda kulirudia. Mimi huwaomba watazame tena uso wa Deborah kwanza.

Zimepinda wapi

Kila moja imepinda mahali. Kwa Malcolm X nimeshasema: ndugu zake, na Afrika. Liongezee hili, ambalo Lee hakuweza kulijua. Novemba 2021 mahakama ya New York iliwafutia hatia wawili kati ya watatu waliofungwa kwa mauaji yale, Muhammad Aziz na Khalil Islam. Islam alikuwa ameshafariki tangu 2009. Waambie unaotazama nao.

Selma ilizua ugomvi kuhusu Rais Johnson. Filamu inamweka kama kizuizi, na inaonyesha kana kwamba ndiye aliyemfungulia mlango mkuu wa FBI kumtesa King kwa kanda ya siri. Kanda hiyo ilitumwa na FBI Novemba 1964, na simu za King zilikuwa zikisikilizwa tangu 1963 kwa idhini ya Robert Kennedy, mwanasheria mkuu wa serikali wakati huo. Yapo pia mazungumzo ya simu yaliyorekodiwa tarehe 15 Januari 1965, Johnson akimhimiza King atafute mfano mbaya kuliko yote wa watu kunyimwa kura ili nchi iuone. Hakuwa malaika, alitaka kuchelewesha. Lakini hakuwa ukuta. Hata hivyo mimi nasimama na DuVernay kwenye jambo kubwa: sheria ile ililetwa na waliovuka daraja. Walioichukia filamu kwa ajili ya Johnson walitaka stelingi awe yeye.

Judas inakosea umri, na si kosa dogo. Kaluuya na LaKeith Stanfield, anayeigiza O'Neal, walikuwa na miaka karibu thelathini. Hampton na O'Neal walikuwa vijana wadogo, wa rika la kaka wa wanafunzi wangu. Ukisahau hilo, usaliti unaonekana kama wa mtu mzima aliyepima, na uongozi unaonekana kama wa mkongwe. Filamu pia inaonyesha Hampton akiwekewa dawa kwenye kinywaji. Uchunguzi huru ulikuta dawa ya usingizi mwilini mwake, maabara ya FBI ikasema haikukuta. Kilichoachwa nje nacho ni kikubwa: baada ya mauaji Panthers waliifungua ile nyumba, watu kwa maelfu wakapanga foleni kuona matundu ya risasi kwa macho yao. Gazeti lilikuwa limechapisha picha za "matundu" ya risasi za Panthers yaliyokuja kujulikana kuwa ni vichwa vya misumari. Mwaka 1982 familia zilikubaliwa fidia ya dola milioni 1.85. Foleni ile ndiyo "nani anaendelea", na haimo.

Lugha, umri, muda

Kwa wasioshika Kiingereza cha haraka, Malcolm X ndiyo nyepesi kusikiliza, maana Denzel anatamka kila neno likaisha. Selma inakwenda taratibu, mwendo wa kanisani. Judas ni ngumu. Washa maandishi ya chini hata kama unajiamini. Watoto wa chini ya miaka 13 wasiione Judas, matusi na damu ni vingi. Selma nao wakiiona, kaa nao, hasa pale kanisani mwanzoni. Malcolm X igawe siku mbili na ukate anapotoka gerezani, kabla ya nusu. Umeme ukikatika kwa sababu ya LUKU saa mbili ndani ya filamu ya saa tatu, kundi zima linapoa na hulirudishi tena, hivyo ongeza uniti mapema.

Ukiwa na vijana wanaopenda siasa ya mtaani, kuandaa mikutano, kudai barabara, kudai maji, usiwape kingine kabla ya Selma. Aliyetoka jela, au aliyekata tamaa na maisha yake mwenyewe, mpe Malcolm X; nimeona inavyomshika mtu wa namna hiyo. Judas wape waliokwisha kuonja uongozi, viongozi wa wanafunzi kwa mfano, na usiwaache waende nyumbani kimyakimya baada yake.

Zipo nyingine. Rustin ya 2023, Colman Domingo akiwa Bayard Rustin, aliyeandaa maandamano ya Washington ya tarehe 28 Agosti 1963, inafaa kama pacha wa Selma kwa kuwa ni hadithi ya mwandaaji. Cry Freedom ya 1987 ina Denzel kama Steve Biko, mpigania haki wa Afrika Kusini, lakini Biko akishafariki filamu inamfuata mwandishi mweupe akitoroka nchi, na hapo inanipoteza. Raoul Peck, Mhaiti aliyekulia Kinshasa, ana mbili za maana: Lumumba ya mwaka 2000, ambayo kwa wasomaji wa Kongo na sisi majirani inapaswa kutangulia hata hizi za Marekani, na I Am Not Your Negro ya 2016, ya kumbukumbu, iliyojengwa juu ya maneno ya James Baldwin kuhusu Medgar Evers, Malcolm na King, watu watatu ambao hakuna aliyefika miaka 40.

Muhula uliofuata niliwaonyesha Selma. Kijana wangu wa swali alikuja mapema, akakaa mkekani mbele kabisa, mgongo umenyooka. Pale darajani John Lewis alipoangushwa kwa kirungu, nikasimamisha. Nikawaambia huyu alitimiza miaka 25 siku ileile Malcolm aliyouawa, tarehe 21 Februari, wiki mbili kabla ya kirungu hiki, na kwamba fuvu lake lilipasuka.

"Naye akafa?" kijana akauliza.

Nikamwambia hapana. Aliingia bunge la Marekani mwaka 1987 na alikuwa bado mbunge alipofariki Julai 2020, na kila mara alirudi kuvuka daraja lile pamoja na watu.

Akalitazama shuka muda mrefu. Kisha akasema, "Rudisha nyuma kidogo, mwalimu. Nimwone vizuri."